Kupinga orodha ya wapiga kura wa kamati za masoko ya mazao, Gujarat

Swali: Ndugu zangu, huko Gujarat, India, wawakilishi wa wakulima katika kamati ya soko la mazao huchaguliwa na viongozi wa vyama vya ushirika vinavyowakopesha wakulima, je, chama kilichoachwa kwenye orodha kinaweza kukimbilia Mahakama Kuu?

Jibu: Kwa kawaida hapana. Mwaka 2001 Mahakama ya Juu ya India, katika shauri la chama cha maziwa cha Maharashtra, iliamua kuwa kuandaa orodha ni hatua ya uchaguzi wenyewe, hivyo usisimamishwe. Mlalamikaji husubiri matokeo, kisha huyapinga.

Jibu: Nakubali, ndugu yangu, ingawa kusubiri huko kunaniuma, kwani majina machache yaweza kugeuza kamati nzima. Pingamizi lipelekwe kwa afisa mhusika kabla orodha ya mwisho haijatangazwa.