Wana wa Bi Mkubwa, Ngamiani

Da Mwajuma 19:02
Assalaam alaykum. Narudia mara ya tatu. Kiongozi wa msafara wa Maka anazitaka kadi za chanjo ya uti wa mgongo, ya Bibi na ya Mjomba Hemedi, mwisho Ijumaa. Naona tiki za bluu tu.

Sefu 19:05
Mimi zangu nimezima, hunioni 😂

Da Mwajuma 19:05
Wewe nani kakuuliza. Mjomba?

Mjomba Hemedi 19:44
Mimi na Mama tulichoma tulipokwenda Umra. Miaka minne tu hiyo. Mnatafuta gharama.
[picha]

Da Mwajuma 19:46
Mbona hapa pana jina la ugonjwa na tarehe, basi? Zainabu, uko zamu?

Zainabu 20:31
Ndo natoka. Shikamooni wakubwa. Chanjo ziko mbili. Ya zamani ni sukari ya ganda la kijidudu peke yake, Saudia wanaihesabia miaka 3. Nyingine sukari hiyo imeunganishwa na protini, mwili unaikumbuka zaidi, wanaipa miaka 5. Kadi isiyotaja aina wanaichukulia ya miaka 3.

Sefu 20:32
Mjomba kaisha muda wake 😂😂

Zainabu 20:34
Na iwe ya makundi ya kijidudu A, C, W na Y, yote manne, ichomwe siku 10 kabla ya kufika, si chini ya hapo. W ndiyo iliyowapata mahujaji mwaka 2000, wengine wakarudi nayo makwao.

Sefu 20:35
Hiyo chanjo au matokeo ya fomu foo? B kafeli?

Zainabu 20:38
B ina chanjo yake mbali. Ganda lake linafanana na vitu vya mwili wetu wenyewe, kinga haishtuki, ikabidi watumie protini. Saudia hawaidai. Kuna mpya imeongeza X juu ya yale manne, Nigeria walianza nayo 2024.

Sefu 20:38
X Mjomba anao wawili, Muheza

Mama Rehema 20:40
😂😂😂

Da Mwajuma 20:41
Sefu nakutoa wallahi.

Mama Rehema 20:52
Sasa wanangu si walichomwa kliniki, wiki 6, 10 na 14?

Zainabu 20:55
Zile za vijidudu vingine Ma'mdogo, Hib na nimokoko. Navyo vinaleta uti wa mgongo, ila Saudia hawataki hizo.

Kaka Athumani 21:10
Hela anakusanya nani? Akiwa Mjomba, mimi simo. Turubai sijasahau.

Mjomba Hemedi 21:12
Siku ya turubai wewe ulikuwa wapi?

Kaka Athumani 21:12
Nilikuwa nalipa.

Da Mwajuma 21:13
Jamani tunaongea sindano!

Rukia 21:48
Nimemsomea Bibi yote. Kasema niandike hivi: "Sindano nitachoma. Ila siendi Maka na kinyongo cha wanangu mgongoni. Hemedi na Athumani waje kwangu usiku huu, la sivyo jina langu litolewe."

Sefu 21:50
[ujumbe umefutwa]

Mjomba Hemedi 22:15
Nimesikia.

Da Mwajuma 22:16
Athumani?

Da Mwajuma 22:40
Athumani??

Da Mwajuma 06:10
Sabahul kheri. Kesho saa mbili nawapeleka. Zainabu ulizia kwanza kama ipo yenye makundi yote manne, na AINA iandikwe kwenye kadi. Nani ana gari?

Mama Rehema 07:25
Amina 🤲