Hellsing: nimemaliza ile ya 2001, sasa niende OVA au nisome manga?

mpenda_giza: Wakuu, naombeni ushauri. Nimemaliza Hellsing, ile anime (katuni ya Kijapani) ya televisheni ya 2001, vipande vyote 13. Alucard, yule mnyonya damu mhusika mkuu, nimempenda mno, ila mwisho umeniacha hewani, huyo adui Incognito sijui katokea wapi. Nasikia kuna OVA (anime inayotolewa kwenye video bila kupita televisheni), Hellsing Ultimate. Nianze nayo au nisome kwanza manga, ile hadithi ya michoro ya Kouta Hirano? Halafu mdogo wangu wa kidato cha pili anataka tuangalie wote. Nimruhusu?

kurasa_nyeusi: Mkuu, Incognito humkuti kwenye manga. Studio ya Gonzo walitengeneza ile ya 2001 Hirano akiwa bado anaandika, hadithi haijafika mbali, wakajitungia njia yao. Ultimate inafuata manga: vipande 10, adui mkuu Meja na jeshi lake la Wanazi wanyonya damu mpaka London inaungua. Nenda OVA.

dada_wa_kanda: Kweli kabisa. Manga ilitoka kwenye Young King OURs, jarida la wasomaji watu wazima. Televisheni ina wadhamini wa kuwaridhisha, damu ile isingepita. OVA haipiti huko, inauzwa moja kwa moja kwa shabiki, na ndivyo biashara hii ilivyo tangu OVA ya kwanza, Dallos ya 1983. Kwa hiyo waliweza kubaki na ukatili wa Hirano na hata vichekesho vyake vya ajabu, tena kila kipande ni dakika 40 na kuendelea. Kilichowaumiza mashabiki ni kusubiri: cha kwanza kilitoka 2006, cha mwisho 2012! Kazi ilianzia studio ya Satelight, ikaenda Madhouse, ikamalizwa na Graphinica, na michoro inabadilika, utaona. Mimi naipenda hivyo hivyo.

kaka_mkubwa: Dogo hapana, mkuu. Watu wanakatwa vipande, miili inatundikwa kwenye mikuki. Mtafutie kitu cha umri wake muangalie pamoja, asijione katengwa.

mpenda_giza: Nimewaelewa, dogo atasubiri. Na manga niiache?

kurasa_nyeusi: Usiiache, isome baada ya OVA. Ni juzuu 10 tu, iliisha 2008.

mpenda_giza: Swali la mwisho, sauti ya Alucard wamebadilisha? Nimeshaizoea.

dada_wa_kanda: Hapana. Kwa Kijapani ni Jouji Nakata kote kuwili, kwa Kiingereza ni Crispin Freeman kote kuwili.