Kuhamisha CD za marehemu baba kwenye kompyuta: je, nianze upya?

Binti wa Ngamiani:

Ndugu wanajukwaa, hamjambo. Marehemu baba ametuachia CD zipatazo 300, nyingi zikiwa za taarab ya Tanga, yaani za vikundi vya Black Star na Lucky Star, na nyingine za muziki wa dansi. Zimekaa miaka mingi katika kabati la mbao hapa nyumbani, karibu na bahari, na nilipozitoa wiki iliyopita nilikuta baadhi zimeota madoa ya ukungu. Moja nilipoielekeza dirishani niliona mwanga ukipenya kwenye vitundu vidogo kama vya sindano.

Nimeanza kuzihamisha kwa programu niliyoikuta kwenye kompyuta, nayo imezigeuza kuwa MP3 za kilobiti 128. Nimekwisha kumaliza CD 40, lakini manyanga na herufi "s" za mwimbaji zinasikika kama maji yanayochuruzika. Je, nianze upya? Tena nyimbo nyingi zinaingia bila majina, ilhali baba alikuwa na desturi ya kuandika kwa kalamu, ndani ya kila kasha, jina la mwimbaji na mahali alipoinunua CD. Nisingependa maandishi yale yapotee.

Fundi wa Chang'ombe:

Dada, pole sana kwa msiba. Ushauri wangu ni kwamba uanze upya, tena uanze sasa, kabla hujafika CD ya 100. CD ya muziki hubeba sampuli, yaani vipimo vya sauti, 44,100 kwa kila sekunde, kila moja ya biti 16, kwa njia mbili za stirio, ambayo ni sawa na kilobiti 1,411 hivi kwa sekunde. Ukibana hadi kilobiti 128 umebakiza chini ya sehemu moja ya kumi, na kinachotupwa kwanza ni zile sauti nyembamba za juu; ndiyo maana manyanga yamekuharibikia.

Tumia FLAC, aina ya faili ya muziki ambayo imekuwa ikipatikana bure kwa kila mtu tangu mwaka 2001. Hubana faili bila kutupa chochote, kiasi kwamba CD ya saa moja huchukua megabaiti 350 hivi, na CD zako zote 300 zitaenea kwa nafasi kubwa katika diski ya nje ya gigabaiti 500. Ukitaka MP3 za simu utazitengeneza kutoka kwenye FLAC siku yoyote, lakini MP3 haiwezi kurudishwa kuwa kile ilichokuwa.

Kwenye Windows tumia Exact Audio Copy, na kwenye Mac tumia XLD. Programu za kawaida zikikuta mkwaruzo huziba pengo kwa kubahatisha na kuendelea bila kukuambia. Hizi mbili hurudia kusoma sehemu yenye shaka, kisha hukuandikia ripoti ya wimbo gani umesomeka na upi haukusomeka. CD moja mbovu inaweza kuchukua saa nzima. Ivumilie.

Kabla ya kusoma, futa CD kwa kitambaa laini kutoka katikati kwenda ukingoni, kamwe usizungushe, kwa kuwa mkwaruzo unaofuata mduara hufuta data nyingi mfululizo. Upande wenye maandishi ndio wa kuuhurumia zaidi, maana tabaka linaloakisi mwanga limekaa chini yake tu, likiwa limefunikwa na rangi nyembamba.

Mzee wa Santuri, Mombasa:

Mwanangu, Mungu amrehemu mzee. Aliyoyasema fundi ni sahihi, lakini jua kwanza kila CD ni ya namna gani. Nyingi tulizonunua vibandani zilichomwa, yaani ziliandikwa kwa kompyuta wala si kiwandani, kutoka kwenye MP3 au kaseti. Fungua faili kwa programu ya Spek, ambayo huchora sauti kwa rangi: ukiona sauti nyembamba za juu, zinazopita herzi 16,000, zimekatwa sawasawa kama kwa kisu, huenda CD hiyo ilizaliwa kutoka kwenye MP3. FLAC haitairudishia kilichopotea. Hata hivyo ihamishe kwa FLAC vilevile, isije ikakatwa mara ya pili. Na zile zenye nyimbo mia na zaidi si CD za muziki bali ni mafaili ya MP3 yaliyowekwa ndani. Hizo nakili tu kama zilivyo, usizigeuze.

Anza na za kuchomwa, zenye mgongo wa kijani au buluu. Muziki wake umeandikwa katika rangi ya kemikali inayochujuka kwa joto na jua, kwa hiyo haziwezi kusubiri kama zile za kiwandani.

Kuhusu majina, CD nyingi hazina majina ya nyimbo ndani yake. Kompyuta hutazama idadi na urefu wa nyimbo, kisha huuliza kwenye hazina za intaneti kama MusicBrainz. CD za makampuni ya Ulaya, kama Buda Musique ya Ufaransa, mara nyingi utazikuta huko. Za kwetu za vibandani aghalabu hazimo, au zinapewa majina ya muziki mwingine kabisa. Andika mwenyewe ukifuata mkono wa baba yako, na upige picha kila kasha, nje na ndani, uziweke picha hizo katika folda ya CD husika.

Binti wa Ngamiani:

Nawashukuru sana. Jana nimeanza na za kuchomwa, nazo ni 58. Ile yenye vitundu imesomeka nyimbo sita kati ya nane. Wimbo wa tatu na wa nne umekwama kwenye kompyuta yangu. Nilipoihamishia kwenye kompyuta ya zamani ya kaka yangu, wa tatu ukasomeka wote, ila wa nne umegoma. Ndani ya kasha baba ameandika "Pangani, stendi."

Mzee wa Santuri, Mombasa:

Vizuri umejaribu kompyuta ya pili, kwa kuwa jicho la kila mashine husoma kwa namna yake. Penye kitundu hakuna tena cha kusomwa, lakini wimbo wenyewe unaweza kuwa kwenye CD nyingine. Tuandikie jina lake na maneno ya mwanzo. Nina makasha mawili ya Black Star hapa nyumbani, nitatafuta kesho baada ya alasiri.