Kitabu kinasema tutazame kusini, sisi tuko Ahero. Tunakosea wapi?

MamaAhero
Hamjambo. Nilimnunulia binti yangu kitabu cha nyota kwa wauza vitabu kuukuu Kisumu. Kilichapishwa Uingereza. Kinasema majira ya vuli utazame kusini utaona nyota nne zimekaa mraba, ndiye Farasi, na kundi la nyota la Cassiopeia liko utosini kama herufi W. Jana saa tatu usiku tulisimama uani mpaka shingo zikauma. Kusini tuliona nyota mbili tu zinazong'aa. Mtoto amelala na huzuni.

MvuviWaRusinga
Mama, hamkukosea popote. Vuli yao ni majani kupukutika, yetu ni mvua, nao wako mbali kaskazini, sisi tuko karibu na ikweta, kwa hiyo anga lao limeinama kuliko letu. Hizo mbili mlizoona ni Fomalhaut juu na Achernar chini.

Sasa geukeni kaskazini, mwinue macho hadi karibu na utosi. Mraba uko hapo, na ni mkubwa: nyosha mkono, kila upande ni kama ngumi moja na nusu, na katikati ni kama hakuna kitu. Cassiopeia iko chini yake, na kwetu inasimama kama M.

Kati ya hizo mbili kuna kidoa cha ukungu, kama pumzi kwenye kioo. Ni galaksi ya Andromeda, mkusanyiko mkubwa mno wa nyota ulio mbali sana. Nuru hiyo iliondoka huko miaka milioni 2.5 iliyopita. Mimi niliiona nikiwa kijana kwenye uvuvi wa omena, dagaa wa Ziwa Victoria. Omena huvuliwa usiku wa giza, mwezi ukiwa haupo, na baba alinifundisha kuipa karabai mgongo kwanza, macho yazoee. Saa tulizipima kwa zile nyota tatu zilizopangana za Jabari, ambaye kitabuni huitwa Orion, zikichomoza upande wa Mlima Homa.

Kondele_Fundi
Subirini mvua ya jioni ikatike, anga huwa limeoshwa. Huku mjini mimi huziona vizuri stima zikipotea tu.

MamaAhero
Tumeuona Mraba! Kile kidoa amekiona yeye, mimi bado. Kando ya ile W kitabuni ameandika M kwa penseli. Anauliza, Jabari atatoka saa ngapi?

MvuviWaRusinga
Katikati ya Novemba, kama saa mbili na nusu, mashariki kabisa. Kwenu vilima vya Tinderet vitamchelewesha kidogo. Mwache asilale mapema siku hiyo.