Soko la tumbaku Tabora: bei ya chini ifutwe?

Mkulima, Urambo
Ndugu zangu, naisikia sana siku hizi hoja kwamba bei ya chini ya tumbaku, ile ambayo mnunuzi haruhusiwi kushuka chini yake, ifutwe, na makisio, yaani kiasi anachopangiwa mkulima kulima kwa mkataba, nayo yafutwe, mkulima na mnunuzi wakutane wenyewe sokoni. Mimi napinga. Nalima tumbaku ya mvuke mwaka wa kumi na mbili huu.

Wanaotetea soko huria wanasema muuzaji asiporidhika na bei abebe mzigo wake aende kwa mwingine. Mwenye mahindi anaweza. Anafunga magunia, anangoja bei ipande, na njaa ikimbana anakula. Tumbaku hailiwi. Imetoka kwenye bani, yaani banda la kukaushia, ukiiweka ndani mpaka mvua za Novemba inavuta unyevu, inaota ukungu, daraja linaporomoka. Halafu mbolea nilikopeshwa kupitia AMCOS, chama chetu cha msingi cha ushirika, dhamana ni tumbaku hiyohiyo, kwa hiyo mnunuzi wangu alijulikana kabla sijasia mbegu. Siku ya soko robota langu, yaani furushi la tumbaku, likipewa daraja la chini, nilirudishe nyumbani na deni liko palepale? Huo uhuru wa kukataa bei mimi sijawahi kuwa nao.

Mfanyabiashara, Tabora mjini
Kaka, pole, ila kumbuka tulikotoka. Mwaka 1976 serikali ilivunja vyama vikuu vya ushirika, ununuzi ukashikwa na mamlaka za mazao, bei ikapangwa na serikali. Wazee wetu waliuza wakakaa kusubiri malipo. Miaka hii ya karibuni bei imepanda kwa kuwa wanunuzi wameongezeka, wazawa wakiwemo. Na hayo makisio unayoyatetea ndiyo yanayomwadhibu aliyelima vizuri: ziada yake haina mnunuzi.

Mkulima, Urambo
Kwenye makisio umenishika, sibishi. Nimeona jirani akibaki na marobota hayana mkataba, mtu aliyeamka alfajiri msimu mzima. Hata wanunuzi kuongezeka nimefurahia.

Lakini mmoja wa hao wapya alichukua tumbaku ya chama chetu kwa bei nzuri kabisa, kisha malipo yakachelewa miezi. Riba ya benki ilikuwa inatembea juu yetu, si juu yake. Watoto walirudishwa nyumbani kutoka shule kwa kukosa ada. Ushindani ulikuwepo, tena mkali, na bado tuliumia, kwa sababu mzigo ulishaondoka ghalani. Basi tuanze hapo: fedha iingie kabla lori halijatoka, na mkopo wa pembejeo usifungwe kwa mnunuzi mmoja. Mkulima akishaweza kusema "siuzi" na familia yake ikala, nitakuwa wa kwanza kusema bei ya chini iondoke. Leo hapana.

Mkulima mwingine, Kaliua
Mzee wangu wa Urambo, nakuunga mkono kuhusu lori. Ila kwenye mkopo nisaidie: huku kwetu benki inauliza kwanza mkataba wa mnunuzi, ndiyo dhamana inayoikubali. Tukimwondoa mnunuzi kwenye mkopo, mbolea ya Septemba tutaipata kwa dhamana gani?