Mjadala: Uzi wa bibi upigwe mbele ya baraza la ardhi, au uachwe?

Mleta mada, Iringa
Kamwene wakuu. Naandika hadithi na nimekwama, kwa hiyo naileta kwenu mniamulie. Uganga wenyewe nimeubuni, msije mkaenda Kalenga kuutafuta.

Mnalijua ligombo letu Wahehe: ubao uliochongwa kama kihori, nyuzi juu yake, kibuyu cha kukuza mlio. Katika hadithi yangu kuna watu waitwao wafungaji. Anayetaka kufunga kumbukumbu hukaa na mfungaji usiku kucha, yeye akisimulia, mwenzake akikaza uzi mpaka uitikie sauti yake. Alfajiri kumbukumbu imehamia kwenye uzi, kichwani haimo tena. Atakayeupiga ataona alichokiona mwenyewe, hata harufu ya ulanzi, pombe yetu ya mianzi, uliokuwemo nyumbani siku ile ataisikia. Ila uzi unachakaa. Kila ukipigwa, kumbukumbu inafifia. (Hilo nimeliiba kwenye silinda za nta za fonografu, zile mashine za kale za kurekodi sauti; silinda hizo zilikuwa zikilika kila zinapochezwa.)

Sasa kuna bibi. Ujanani alimzika mtoto wake wa kwanza, uchungu ukamshinda, akaenda kwa mfungaji. Tangu hapo hajui kama aliwahi kuwa na mtoto huyo. Analima viazi vyake, anacheka na watu. Leo koo mbili zinagombea shamba, na kaburi la yule mtoto ndilo alama ya mpaka. Waliozika wote wameshakufa. Uzi peke yake ndio unaojua lilipo, na bibi ameketi palepale barazani.

Mimi nasema usipigwe. Bibi hakufunga ili aweke akiba, alifunga ili apumzike. Karibuni.

Mkulima wa Makambako
Upigwe. Wajukuu wa bibi huyohuyo ndio watakaokosa pa kulima. Mimi najua ndugu wasiosalimiana kwa ajili ya hatua kumi za shamba. Bibi apelekwe kwa jirani akanywe chai, uzi upigwe, basi.

Mleta mada
Mkuu, kijiji gani hicho ambako bibi atarudi kutoka kwenye chai asiambiwe? Watoto wanaochota maji watamwambia kabla hajafika mlangoni.

Mnyakyusa wa Tukuyu
Ugonile. Mnalisahau baraza lenyewe. Baraza la ardhi la kijiji lina wajumbe 7, watatu wanawake, na kazi yake ni kusuluhisha. Mkipiga uzi na wote wakaona kaburi, mmeshahukumu. Halafu ushahidi: Sheria ya Ushahidi ya 1967 inapokea, kwa masharti, maneno ya mtu aliyekufa. Huyu yu hai. Ataitwa, ataapa, atasema kweli tupu kwamba hakumbuki kitu. Mimi nikiwa upande wa pili nitauliza tu, huo mlio ni wa nani ikiwa mwenyewe anaukana?

Mzawa wa Kalenga
Huku kwetu fuvu la Mkwawa liko ndani ya kioo. Wajerumani walilichukua, likarudi 1954, na leo mgeni yeyote akifika anaoneshwa. Najivunia kwamba lilirudi. Lakini kila nikiwapeleka wageni pale najiuliza kama mwenyewe angekubali kutazamwa hivyo. Nipo na mleta mada.

Bodaboda Mbeya
Si mrekodi mlio kwa simu mara moja, uzi usichakae? Mnapoteza muda wazee.

Mwalimu wa muziki
Kijana, Hugh Tracey alipita na mashine yake mwaka 1950 akarekodi ligombo za Wahehe, na rekodi zimehifadhiwa Afrika Kusini. Mlio unausikia vizuri kabisa. Alichokuwa anakikumbuka mpigaji hukioni. Simu itakupa mlio, kaburi hutalipata.

Mama wa Mafinga
Nimesoma yote na nimeona mnagombania uzi kama mali ya ukoo. Mimi nimewahi kuzika, sitaeleza zaidi. Siku nyingine ningempa mfungaji kila kitu changu aondoke nacho. Siku nyingine ningemfukuza na fimbo. Sasa huyo bibi alifunga akiwa msichana, na leo ni mtu mzima mwingine kabisa. Kwa nini hakuna aliyesema aulizwe? Si barazani. Nyumbani kwake jioni, na mwanamke mwenzake, aambiwe kuna uzi wake. Akitaka ataupiga mwenyewe, asipotaka mtapima shamba kwa kamba kama watu wengine.

Na mleta mada, mwanangu, huyo mtoto anaitwa nani? Nimerudia kusoma mara mbili sijaliona jina.

Mleta mada
Shikamoo mama. Sikumpa. Nilimtunga kwa ajili ya mpaka tu.

Bodaboda Mbeya
Sasa bibi akikataa, hiyo kamba anashika nani?