Ziara za bei poa za kuona aurora Tromsø: mnachukua hela za watu mnawapeleka kuangalia mawingu!

Wakuu habari za sa hizi. Mods naomba huu uzi msiuunganishe na ule wa utalii wa Ulaya maana nimechoka kuona watu wetu wanaliwa hela kila msimu wa baridi na hizi kampuni za mji wa Tromsø, huku kaskazini mwa Norway, zinazouza ziara za kuona aurora, ile mianga ya rangi inayocheza angani usiku, na ukilalamika jibu ni lile lile, "aurora ni maumbile, hatuwezi kuahidi". Sawa, hilo nalijua na sikulalamikia maumbile. Ninacholalamikia ni kuchukua krone 1,200 kwa kichwa, yaani kama laki tatu za Kitanzania, kwa tangazo linalosema "tunawinda aurora usiku kucha", alafu mnatupakia kwenye basi la watu kama hamsini, mnatupeleka mwendo wa chini ya lisaa limoja kutoka mjini, mnapaki chini ya wingu zito na hamtoki hapo mpaka muda wa kurudi hotelini. Hapo kilichowindwa ni nini?

Mi naishi Oslo. Dada yangu mkubwa alikuja kunitembelea kutoka Morogoro na visa ya Schengen mnaijua mambo yake, taarifa za benki, bima, barua ya mwaliko, miadi ya kusubiri mpaka unakata tamaa. Kitu alichokuwa anakiongelea tangu anapanga safari ni hiyo mianga ya kaskazini. Hakutaka Paris wala nini. Na mimi nikasema hapana, dada amenilea huyu, lazima akaione. Tulikuwa watatu na mke wangu, sasa piga hesabu ya ndege Oslo mpaka Tromsø, hoteli ya Februari ambayo bei yake haisemeki, chakula, ndo uje kwenye ziara yenyewe. Gari dogo la watu wachache unakuta krone 1,800, 2,000 na zaidi kwa mtu mmoja. Kwa hiyo tukachukua basi. Na naomba asije mtu hapa kuniambia "rahisi ghali", kwa sababu kuwa na bajeti ndogo hakumpi mtu ruhusa ya kukudanganya. Kama mnauza siti ya basi kwenda sehemu moja na kurudi, andikeni hivyo hivyo kwenye tangazo na watu wachague wenyewe.

Sasa sikilizeni kilichofanyika. Mchana wake nimefungua Yr, ile huduma ya hali ya hewa ya Norway ambayo ni bure na kila mtu huku anaitumia, nikaangalia mawingu. Pwani yote ya Tromsø imefunikwa. Ukiingia bara, Skibotn, kweupe kabisa usiku mzima. Skibotn iko kama kilomita 115 hivi kwa barabara kutoka Tromsø, na wenyeji wote wanajua kwamba kule kukavu kwa sababu milima ya Lyngen inazuia mawingu yanayotoka baharini. Ukiendelea mbele kama kilomita 50 unavuka mpaka unaingia Kilpisjärvi, Finland, na huko nako mara nyingi anga inakuwa wazi wakati pwani hamna kitu. Hii siyo siri ya wataalamu, kampuni zinazofanya kazi yao vizuri ndiko zinakokimbilia pwani ikifunga.

Kwenye kupanda basi nikamuuliza muongozaji, kwa adabu kabisa, leo tunaelekea Skibotn? Akanijibu leo Kp ni 5, tutaona tu, hamna wasiwasi. Nikarudia, mawingu je? Akasema ngoja tuone.

Wakuu hapa kwenye Kp ndipo wanapowapiga watu wengi kwa hiyo naomba mnielewe vizuri. Kp ni kipimo cha msukosuko wa usumaku wa dunia kuanzia 0 mpaka 9. Kwa mtu aliyeko Ujerumani au Uingereza namba hiyo ina maana kubwa, kwa sababu lazima ipande sana ndo mianga ishuke mpaka kwake. Tromsø iko nyuzi 69 kaskazini, iko chini ya ule mkanda wenyewe wa angani ambako aurora inatokea, kwa hiyo hata Kp ikiwa 1 au 2 unaweza kuona vizuri tu ukiwa na anga safi na giza. Na hata ikiwa 7, wingu likifunga huoni chochote, maana aurora inawaka kilomita mia moja na zaidi juu wakati mawingu yako kilomita chache tu juu ya kichwa chako. Yaani kwa Tromsø swali la kwanza ni mawingu, la pili mawingu, Kp inafuata huko nyuma. Lakini kwenye matangazo yao wanaweka Kp kubwa kwa herufi kubwa kwa sababu mgeni hajui, akiona 5 anadhani ni uhakika, anatoa kadi.

Tukafika hapo walipopaki. Sehemu ya kupumzikia kando ya fjodi, yaani mkono wa bahari ulioingia kati ya milima, basi mbili nyingine ziko hapo hapo. Dereva kaacha taa za ndani ya basi zinawaka kwa hiyo kila ukipanda kujipasha joto ukishuka macho hayaoni kitu, na jicho linataka karibu nusu saa kulizoea giza. Kwenye tangazo walisema mavazi ya baridi yamo kwenye bei. Kufika wanasema yameisha, waliowahi ndo wamepata. Dada kavaa buti zangu na soksi mbili, anakanyaga theluji pale pale aliposimama, kushoto kulia kushoto kulia, mikono kaificha kwapani, hasemi kitu. Kikombe cha chokoleti ya moto kimoja, biskuti moja. Tumekaa hivyo masaa.

Baadaye mawingu yakapasuka kidogo juu ya mlima, ufa mdogo tu. Muongozaji akakimbilia kamera yake kwenye tripodi, akapiga picha ya sekunde kama kumi na tano hivi, akatuita tuje tuone kwenye kioo cha kamera. Kuna doa la kijani hafifu juu ya mlima. Akapiga makofi, "hongereni, mmeona aurora!" Watu wakaangalia kule juu kwa macho yao, ni kijivu tu, huwezi kutofautisha na wingu. Dada akaniangalia akaniuliza kwa sauti ndogo, "mdogo wangu, ndo hii?" Nikakosa la kumjibu.

Na hapa ndo nimekuja kuelewa kwanini yule binti muongozaji alipiga makofi. Masharti yao yanasema msipoona aurora mnapewa safari ya pili kwa nusu bei. Nimeandika kudai, nimejibiwa kwamba kwa usiku huo "aurora ilionekana" na wameambatanisha ile picha! Ile ile yenye doa! Kamera ikiachwa wazi sekunde kumi na tano inakusanya mwanga ambao jicho la binadamu haliwezi kuuona, hata simu ya kawaida siku hizi inafanya hivyo, sasa kama kipimo cha kuona ni kamera ya mfanyakazi wenu mwenyewe basi kuna usiku gani mtakuwa hamjaona? Na hata hiyo nusu bei ni ya nini kwa watu ambao wengi wao wana ndege ya kurudi kesho yake? Wanajua kabisa hamna atakayerudi kuitumia.

Kilichoniuma zaidi ni asubuhi yake. Kifungua kinywa pale hotelini tumekaa na familia moja ya Wahispania, wao walichukua gari dogo, lilienda mpaka Skibotn, kule kweupe, wametuonyesha video. Video wakuu, siyo picha. Inacheza mbingu nzima, kijani na pembeni zambarau, inakunjuka na kukunja kama kanga kwenye kamba ya kuanikia upepo ukivuma. Usiku ule ule, mji ule ule tumetokea. Kwa hiyo ile hadithi ya maumbile mkawaambie wengine, tofauti ilikuwa mafuta ya basi na masaa ya dereva.

Kingine ambacho nataka kila mtu akijue ni huu uongo wa "mwaka wa mwisho". Mwezi wa kumi 2024 NASA na NOAA, mashirika ya Marekani ya anga za juu na ya hali ya hewa, walitangaza kwamba jua limefika kileleni mwa mzunguko wake wa miaka kama 11, yaani linachafuka zaidi, na msukosuko huo wa jua ndo unaowasha aurora. Tangu hapo kampuni zinatangaza "wahi sasa, baada ya hapa mpaka miaka kumi ijayo". Dada mwenyewe alitumiwa tangazo la hivyo na rafiki yake, ndo akaharakisha safari. Ni uongo. Kilele kinawasaidia watu wa kusini, kama ile dhoruba ya Mei 2024 ambapo mianga ilionekana mpaka nchi ambazo huwa haifiki. Kwa Tromsø, Kiruna ya Sweden, Rovaniemi ya Finland, aurora ipo kila msimu wa giza, kuanzia Septemba mpaka mwanzoni mwa Aprili, jua liwe kileleni au limetulia. Kwa hiyo mwenye ndugu anayejibana kukopa ili awahi mwaka huu, mwambieni atulie, akusanye hela yake taratibu.

Na kwa mnaopanga kwenda, kabla hujatoa hata senti waandikie uwaulize usiku wa mawingu huwa wanaendesha umbali gani mwisho, na kama wanavuka mpaka kwenda Finland au hawavuki. Kampuni inayowinda kweli inakujibu kwa kilomita. Wakianza kukujibu kwa Kp na moto wa kuni na marshmallow, kimbia. Waulize pia "kuona" kwao maana yake ni kwa macho au kwa kamera, na jibu uwe nalo kwa maandishi. Na kama unanunua kwenye zile tovuti za kati zinazouza ziara za dunia nzima, dai jina la kampuni yenyewe itakayokubeba, maana sisi tulilijua jina siku ya safari tu, na kila nikidai wanarushiana mpira, tovuti inasema kamuulize mbebaji, mbebaji anasema kamuulize uliyemlipa. Wale wa gari binafsi wanaojitangaza kwenye magrupu kwa bei ya kutupa nao muwe makini nao, Norway kubeba abiria kwa malipo kunataka kibali kinaitwa løyve, mtu hana hicho kibali ajali ikitokea kwenye barafu utamdai nani. Na mbebe pasipoti. Kwa mwenye visa ya Schengen kuvuka kwenda Finland au Sweden hakuna shida, ni eneo moja, lakini ukiwa huna pasi mfukoni unaweza ukaachwa.

NYONGEZA: naona mkuu mmoja ameuliza kwanini nisingekodi gari. Mkuu, barabara ya barafu, giza, wale paa wa kaskazini (reindeer) wanavuka barabara muda wowote, na una dada yako ndani ya gari, alafu ukiona mwanga unasimama wapi? Watu wanasimama katikati ya barabara kuu ya E8 na wanagongwa. Anayejua kuendesha kwenye barafu aende, ambaye hajui asijaribu kwa sababu ya krone elfu moja.

Na aliyeuliza kama kuna ya bure, ipo, siku anga ikiwa safi. Hapo hapo kisiwani Tromsø kuna ziwa linaitwa Prestvannet, liko juu kilimani unapanda kwa mguu, na kuna ufukwe wa Telegrafbukta upande wa kusini. Siku anga ikiwa wazi usimlipe mtu, vaa uende. Hela yako itunze kwa ajili ya usiku wa mawingu kwa sababu hapo ndipo unahitaji mtu wa kukupeleka mbali. Walioko Sweden wafikirie kijiji cha Abisko, treni inafika pale pale, na milima inawazuilia mawingu, ndiyo maana wapiga picha wengi wanakimbilia huko.

Mimi nimeshawaandikia Forbrukertilsynet, mamlaka ya huku ya kulinda walaji, nimeambatanisha tangazo lao, ramani ya mawingu ya usiku ule na hiyo picha yao ya doa. Na benki nimewaambia nalipinga hilo malipo. Jina la kampuni siliweki hapa mpaka shauri liishe. Lakini kama kuna mtu alipanda basi kubwa Tromsø msimu huu akajibiwa kwamba "aurora ilionekana" kwa picha ya muongozaji, naomba aje PM na risiti yake, tukiwa wengi watajibu vizuri zaidi kuliko wanavyonijibu mimi peke yangu. Na mwenye kampuni ya magari madogo ambayo ilimpeleka kweli mpaka Skibotn au Finland kwa bei ya kueleweka aiandike hapa chini na bei aliyolipa, dada bado ana wiki kadhaa kwenye visa yake.